Shahidi wa Nne

Ukoo wa baba yangu huniita Shahidi. Mgeni akisikia hudhani ni utani wa nyumbani, kwa sababu hulitamka huku wakicheka. Nilikuwa na miaka minane nilipoingizwa mahakamani siku ya kesi ya baba. Mlinzi wa ghala alikuwa amekutwa ameuawa, baba akajitetea kwamba usiku ule alilala nyumbani, na kesi ikaisha kwa kifungo cha maisha. Mwaka wa tatu akafia gerezani. Tangu hapo ikajulikana kwamba mdomo wangu ndio uliomfunga.

Sikuwahi kubisha. Ningebisha nini? Nakumbuka chumba kikubwa, mkono wa mama begani kwangu, na mzee mwenye miwani aliyeniuliza maswali nami nikayajibu. Nilijibu nini, sikumbuki. Nimeolewa bila hata mtu mmoja wa upande wa baba kukanyaga harusini, nimezaa watoto wawili wasiojua sura ya shangazi yangu, na miaka yote nikiwa kwenye cherehani nashona sare za shule, swali ni lile lile: nilisema nini mimi?

Mwezi uliopita tulimzika babu. Shangazi, dada mkubwa wa baba, alinisukuma kwa kiwiko nisikae na wafiwa, akasema waliompeleka ndugu yao kwa serikali wakae na majirani. Nilirudi nyumbani nimeshaamua. Kama ni kuomba msamaha nitaomba, lakini niombe kwa kosa ninalolijua.

Karani wa mahakama hakuinua hata uso. Aliniambia mafaili ya zamani yote yameskaniwa, yako mtandaoni, hayalipiwi, na mwananchi yeyote ana haki ya kuyasoma. Nikamuuliza, hata asiye ndugu? Akasema hata mpita njia.

Kesho yake mchana, wateja wakiwa wamepungua, niliegemea cherehani na simu yangu yenye kioo kilichopasuka. Tovuti ilitaka kwanza nithibitishe kwamba mimi si roboti, nichague picha zenye taa za barabarani. Nikafeli mara mbili. Mtu mzima na akili zangu. Nikaandika jina la baba, wakaja wanaume kumi na mmoja wenye jina hilo, mmoja wao kashtakiwa kwa wizi wa kuku. Mwisho nikaitafuta karatasi ya gereza, ile tuliyokabidhiwa pamoja na mwili, nikapata namba ya kesi na mwaka. Faili likafunguka: kurasa sitini na mbili za taipureta, zimeskaniwa upande upande.

Nilizipita zile za polisi na daktari. Ukurasa wa ishirini na saba nikajikuta.

"Mtoto wa kike, miaka minane, ameletwa na mama yake. Mahakama imemhoji. Anajua darasa lake na jina la mwalimu wake. Anasema mtu akidanganya anachapwa. Hajui maana ya kiapo. Ushahidi wake haupokelewi. Mtoto atolewe."

Basi. Hakuna aliyeniuliza habari za baba. Yale majibu niliyoyabeba miaka thelathini yalikuwa jina la mwalimu wangu. Nilicheka peke yangu, machozi yakanitoka palepale, na kidole kikateleza kwenye aya iliyofuata.

"Shahidi wa nne: mke wa mshtakiwa. Ameelezwa kwamba sheria haimlazimishi kutoa ushahidi dhidi ya mumewe. Anajibu: Nimeelewa. Nitasema."

Akasema, kurasa nne nzima. Kwamba mumewe alirudi alfajiri, shati limelowa damu, akamwambia alifue kabla ya jua kutoka. Hapo ndipo nilipokumbuka askari wa kike aliyenitoa kwa mlango wa nyuma, akanikalisha kwenye benchi, nikamngoja mama mpaka njaa ikaniuma. Shangazi, aliyekuja peke yake kutoka ukoo wa baba, alikuwa amezuiwa nje kwa mbele, maana alikuwa shahidi wa baba na shahidi haruhusiwi kusikia wenzake. Alituona tukiingia wawili, akatuona tukiondoka wawili. Baba yeye alikuwa kizimbani na alisikia kila neno, lakini mpaka anakufa hakumwambia dada yake. Kwa nini, sitajua.

Mama ninaye mimi. Amelala mwaka wa pili sasa. Kiharusi kilimchukua mkono na mguu wa kushoto, ila ulimi kilimwachia. Nilifunga kibanda cha kushonea mapema, nikamkuta macho, nikamsomea ile aya moja tu. Akasema baba alifanya kweli, hakumsingizia. Nikamwambia hilo silo ninalouliza.

"Wifi alinidaka pale nje akaniuliza nani kasema," akasema. "Wewe ulikuwa umeshika gauni langu. Nikasema, mtoto."

"Kwa nini, mama?"

"Mtoto husamehewa, mwanangu. Mimi wangenitoa kwenye nyumba yao siku ileile. Ungelala wapi?"

"Hawakunisamehe. Nina miaka thelathini na minane."

Alitazama simu mkononi mwangu, akauliza kama maandishi hayo hata wifi yake anaweza kuyaona. Nikamwambia mtu yeyote anaweza. Akanishika kifundo cha mkono kwa mkono wake mzima, na sikujua kama bado ana nguvu kiasi kile.

"Usimwambie. Mimi nimebakiza siku za kuhesabu. Wewe umeshazoea."

Nilimpa dawa zake. Nikamgeuza ubavu wa pili, nikanyoosha shuka, nikamfunika, kwa sababu hata uwe na hasira vipi mgonjwa hageuki mwenyewe. Kisha nikatoka nikasimama mlangoni, nikamwandikia shangazi anwani ya ile tovuti, namba ya kesi, mwaka na ukurasa wa ishirini na saba. Sikuongeza neno. Nilimwonea mama huruma, nilimwogopea, na nikatuma.