Wanamwaga Zege Bila Mimi

...na wanaimba, ndiyo, mafundi wangu mimi, wanaimba jina la Omer, na Maître Florentine, wakili wangu, hapa mbele yangu anaeleza mambo ya korti, nani atamsikiliza avoka wakati dirisha liko wazi na ng'ambo ya barabara wanamwaga zege la dari kwenye nyumba ya uzazi niliyoianza mimi, Modeste, tangu msingi hadi nguzo, hadi idara ya serikali ikaniandikia mkataba umevunjwa, unachelewa, Monsieur, kama vile mvua ya Kolwezi huwa inaniomba ruhusa kwanza, na kazi akapewa Omer, Omer wa viatu vyeupe, nani anaenda kwenye zege na viatu vyeupe, anaenda kubatizwa?... "Tata Modeste, uko unanisikia?" nasikia, Maître, "korti iko na milango mbili, ya kwanza tunaomba juge wa korti avunje ile decision ya idara ya kukutoa kazini, ya pili tunaiacha vile iko, tunaomba fidia ya hasara yako, na ukikosea mulango banakurudisha, habasome hata mustari moja," ya kwanza, Maître, ya kwanza, ivunjwe, mtu wa korti aje leo hii na mhuri wake, apaze sauti, simameni! na toroli zisimame, na Omer abaki mdomo wazi zege likimkaukia miguuni, mchezo huo ningekata tiketi, ningekaa mstari wa mbele na karanga... lakini anatikisa kichwa, ananijua huyu mama, "juge hatakimbia, Tata, kesi itatembea polepole, siku atavunja ile decision, bamama batakuwa banazalia mule, utashinda karatasi, nyumba itabakia," na utani wote unanikauka, kwa sababu siku ya dari ni siku ya dari, patron, mwenye kazi, analisha watu, bukari, ugali wetu, na samaki, na anayeanzisha wimbo lazima amtaje patron ili ndoo zipande haraka, "Omer eee, leta maji! Omer eee, beto ipande!" beto, hilo hilo zege, na sauti hiyo ni ya Papy, Papy niliyemtoa kwenye mashimo ya mgodi wa Mashamba nikamfundisha kushika mwiko, kwenye msingi alikuwa anaimba Modeste eee, jina linalojaa mdomo, Omer ni kama mtu anapiga chafya, na bado linaimbika, shida ndiyo hiyo, linaimbika kuliko langu, na harufu ya samaki imeingia hadi kwenye mafaili, Maître mwenyewe amemeza mate, nimemwona... lianguke, Mungu wangu, zege lote liteleze lianguke mbele ya wale wakubwa wa idara waliokuja kutazama, na hapo hapo najisikia, mtu mzima, mimi wa kuchekesha watu hata kwenye matanga, naomba dari lianguke, na chini yake nani, Papy, na limekaa juu ya nini, juu ya nguzo zangu, chuma nilichofunga kwa mikono hii, basi hapana, shika, wewe dari, shika sana, Omer ale samaki wake juu ya kazi yangu, inauma, eee inauma kama jino bovu, lakini mi nilitaka juge aniamulie nini hasa, awalazimishe wanaume wenye tope hadi magotini waimbe Modeste? kwa mlango gani, Maître hana mlango huo, hakuna korti iliyo nao hapa Kolwezi wala Kinshasa... "Sasa tuandike nini, Tata?" kalamu yake iko hewani, ya pili, Maître, fidia, saruji yangu, chuma changu, Omer abaki na nyumba na wimbo wake, neno liko hapa kwenye ulimi, nitalisema, nitalisema sasa hivi, acha tu wamalize huu ubeti.