Kiberenge Hakina Siku

Mama mwenzangu, kama nyumbani kwako kuna flashi ya picha za kaoboi za zamani, zile zisizo na rangi, soma haya kabla hujawaachia watoto rimoti.

Flashi yangu alinijazia Barnaba, mwenye kibanda cha nyimbo na muvi pale sokoni Tunduma. Nilimwambia nataka picha ya watoto, isiyo na uchi wala damu. Akaniwekea hiyo, vipande kumi na viwili, na ndani yake kuna mtu anatafsiri kwa Kiswahili. Nikaona nimepata kitu salama. Hata wakipigwa risasi hawatoki damu, wanashika kifua na kulala tu.

Kila kipande kinaishia pabaya. Cha kwanza, kaoboi yumo ndani ya gari la farasi, gari linatumbukia korongoni, basi, mwisho. Binti yangu Faith, ana miaka tisa, alilia akagoma kula. Kesho yake tukaweka cha pili, kumbe kaoboi aliruka mapema akashika mzizi. Nilishangaa. Jana hakuruka. Nilimwona kwa macho yangu akidondoka na gari. Nilitaka kusema, lakini maharage yalikuwa yanaungua, nikamjibu huku naelekea jikoni, "Steringi hafi, mwanangu."

Neno likamwingia. Akawa analiimba yeye na Rozi, binti wa jirani, wakichota maji, wakifagia, wakienda shule. Nikawa nacheka.

Kipande cha saba, mchumba wa kaoboi anafungwa kamba juu ya reli. Treni inakuja, inapiga honi, inapita juu yake. Mwisho. Na umeme ukakatika hapo hapo, siku tatu haukurudi. Siku zote tatu Faith aliniuliza yule dada atatokaje. Nilimjibu lile lile. Jumatano asubuhi aliuliza tena, nikamwambia aache kunisumbua, steringi hafi.

Jumatano hiyo mchana Mama Rozi akaja kuniuliza kama nimeona mipira yake. Yeye anavusha unga kwenda Nakonde, upande wa Zambia, kwa baiskeli, na mipira ni ile ya tyubu, iliyokatwa vipande vya kufungia mizigo. Mfungaji ni Rozi. Ana miaka kumi na moja, lakini gunia akilifunga yeye halilegei mpaka ng'ambo. Nikamwambia nimewaona Rozi na Faith wakielekea relini, nafikiri walikuwa nayo.

Sikuogopa. Sisi wa huku nyuma ya reli treni tunazijua siku zake, na siku hiyo haikuwa na treni. Nilienda natembea, nikiwaza fimbo ya kumchapa. Nikiwa katikati ya mahindi nikasikia mngurumo.

Kilikuwa kiberenge, kile kigari cha mafundi wa reli. Kiberenge hakina siku.

Sijui nilifikaje. Faith alikuwa amelala juu ya mataruma, mikono na miguu imefungwa kwenye chuma cha reli, amejipamba na kofia yangu ya kanisani. Rozi amepiga magoti anavuta fundo kwa meno. Alikuwa amepangiwa kuja na farasi wa fimbo honi ikilia, amwokoe. Honi ililia, akaja, na fundo lake mwenyewe likamshinda. Ule mpira ukiuvuta unazidi kukaza. Ndiyo kazi yake.

Mwanangu alikuwa anatabasamu.

"Mama, usinifungue," akasema. "Nataka nione anatokaje."

Nilivuta fundo mara mbili, kucha ikang'oka. Kiberenge kikatokeza kwenye kona. Nikamwacha. Nilimwacha mwanangu pale nikakikimbilia kile kiberenge, nimevua kitenge nakipunga, nimebaki na gagulo mchana kweupe. Breki zililia mpaka meno yakaniuma. Kilisimama hatua sita kutoka kichwani kwake. Nilirudi kuzipima kesho yake, sita.

Fundi mmoja, Osea, alishuka na kisu akakata mipira. Kisha akakaa chini kwenye kokoto, mtu mzima, akashika kichwa. Aliponyanyuka akaniambia, "Mama, hiki ni chepesi ndiyo maana kimesimama. Treni isingesimama."

Alhamisi mchana umeme ukarudi. Sikuivunja ile flashi. Niliwaita wote wawili, nikaweka mwisho wa cha saba, halafu mwanzo wa cha nane, halafu tena cha saba. Katika cha saba treni inapita na yule dada yuko chini. Katika cha nane ameshatolewa kabla haijafika.

Faith aliangalia mara tatu. "Wamedanganya," akasema.

"Ndiyo."

"Wewe ulijua?"

Nilitaka kusema hapana. "Tangu kipande cha pili," nikamjibu.

Hakulia. Aliinuka akaenda kukaa na Rozi nje.

Mama mwenzangu, watoto wakikuuliza, acha maharage yaungue. Faith ana alama za mpira kwenye vifundo vya mikono, zinafifia. Lakini jana nilimpaka dawa nikamwambia haiwashi. Akanitazama kwanza, kisha akamgeukia Rozi, akamwomba aijaribu yeye.