Vidonge Mfukoni mwa Mkwe

Dobi hafui nguo kabla hajapekua mifuko. Hiyo ndiyo sheria ya kwanza ya kazi, na mwanamke huyu, aliyefulia watu tangu binti yake akitambaa, hakuwahi kuivunja. Amekuta mengi humo: funguo, meno ya bandia, barua za mapenzi zisizotoka kwa mke wa ndoa. Sheria ya pili ni kufyata ulimi. Ulichokikuta unakirudisha pamoja na nguo iliyopigwa pasi, huulizi, husemi. Angekuwa mmbea, jamani, nusu ya ndoa za mtaa ule zingekuwa zimeshavunjika.

Siku hiyo alikuwa kwenye benchi la hospitali, nje ya chumba cha watoto wachanga, roho juu juu. Binti yake, mtoto wake wa pekee, alikuwa wodi ya pili na mshono tumboni, hata kumbeba mwanawe alikuwa bado. Mtoto alizaliwa juzi kwa upasuaji, mnono, mashavu yamejaa, kisha mbele ya macho ya watu akabadilika rangi. Midomo, kucha, masikio, vyote bluu. Tangu hapo yumo ndani ya kile chumba na mipira puani, mashine inamsukumia hewa, na kila anayetoka mlangoni humo anatoka na uso uleule wa kusema poleni.

Mkwewe, fundi wa matairi, alitokea akihema. Alikuwa ametoka bila kuaga. Mle ndani huingii na nguo za barabarani, kwa hiyo alivua shati, akalitundika kwenye msumari juu ya benchi, akajifunga gauni la kijani haraka haraka, akaingia kumtafuta daktari. Hakumtazama mama mkwe usoni. Hilo halikumshangaza dobi; hawa wawili waliheshimiana kupita kiasi, huyu akikohoa yule anahama kiti.

Sasa lile shati. Lilikuwa na damu ya binti yake, tangu siku fundi alipombeba kumwingiza kwenye gari, na mkono mzima ulikuwa umekakamaa. Dobi alilitazama, akageuza uso, akalitazama tena. Una mikono isiyojua kutulia, na mjukuu huruhusiwi kumgusa, utafanya nini? Akalishusha, akaenda nalo bombani nyuma ya vyoo. Akapekua mfuko.

Salale!

Vidonge vya bluu, vya pembe nne. Hakuhitaji kusoma. Amevikuta kwenye suruali za waheshimiwa wangapi? Vile vya nguvu za kiume, vinauzwa kila kona ya mji.

"Ebo!" alisema peke yake.

Mkewe amepasuliwa juzi, hata kuketi hawezi. Mtoto anagombania pumzi. Na huyu bwana anatoka mbio kwenda kununua hivi! Vya kumfanyia nani? Hasira zilimpanda mpaka masikio yakaziba. Alishamwona akilini huyo mwanamke mwingine, na kucha zake za rangi, na kicheko chake. Angalau angengoja mshono wa mwenzake ukauke, mshenzi mkubwa! Dobi akavibonyeza kimoja kimoja kutoka kwenye pakiti, akavitupa chooni, akavuta maji. Halafu akalifua lile shati kwa nguvu zote, kama vile mwenyewe yumo ndani yake.

Alikuwa analikamua aliposikia nyayo.

"Mama, shati langu umeliona?"

"Nimelifua. Lilikuwa na damu."

Fundi akalipokea likichuruzika, akaingiza vidole mfukoni, akavitoa vitupu.

"Hapa... hapakuwa na kitu?"

"Kitu gani?" dobi akamuuliza, makusudi kabisa, jicho kavu.

Mwanamume gani atakitaja kitu kile mbele ya mama mkwe? "Basi, mama," fundi akasema, akalivaa shati vilevile na maji yake, akatimua mbio kuelekea getini. Dobi akamsindikiza kwa msonyo. Kakimbilia vingine, akajisemea. Hana haya hata kidogo.

Hata benchi hajalikalia vizuri, daktari akachungulia mlangoni. Alikuwa mwanamke mdogo kwa umri, macho mekundu kwa kukesha.

"Bibi, baba mtoto yuko wapi? Kaniambia dawa ameileta, iko kwenye shati."

"Dawa gani?"

"Ya mtoto. Hukuelezwa?" Daktari alishusha sauti. "Mtoto akiwa tumboni hatumii mapafu. Mishipa ya damu ya mapafuni inakuwa imejibana, damu inapita njia nyingine. Akizaliwa, ile mishipa inafunguka. Ya huyu imegoma. Hewa tunampa, lakini damu haifiki mapafuni kuichukua. Kuna kidonge cha kuilegeza, na hapa kwetu kimeisha. Ni kile cha..." Akasita kidogo. "Kile cha wanaume, bibi. Usishtuke. Kinalegeza mishipa, ya huko na ya mapafuni. Tunasaga kidogo, tunampa kwa mpira unaokwenda tumboni."

Usishtuke! Dobi alihisi benchi linamkimbia. Mikono, ile mikono isiyotulia, ikalala mapajani imekufa ganzi. Mungu wangu, mimi. Mimi mwenyewe, kwa mikono yangu.

"Nimevitupa," akasema.

"Umevitupa wapi?"

"Chooni. Nikavuta maji."

Daktari hakufoka, na afadhali angefoka. Ndani mashine ikaanza kulia, akageuka kukimbia. "Bibi, hewa inamshuka! Vitafutwe, popote, sasa hivi!"

Maduka ya dawa yalikuwa mjini chini, mwendo wa gari. Lakini nyuma ya ukuta wa hospitali kulikuwa na nyumba za walimu, na katika nyumba ya mwisho alikaa mwalimu mkuu mstaafu, mtu wa tai na kalamu kifuani, mteja wake wa miaka. Dobi hakuwaza mara mbili. Alivua kandambili, akakimbia.

Mwalimu alikuwa barazani anasoma gazeti, mkewe kando yake anachambua mchele.

"Shikamoo mwalimu. Naomba vile vidonge vyako."

"Marahaba. Vidonge gani, dobi?"

"Vya suruali ya kijivu. Mfuko wa nyuma."

Gazeti likashuka. Mwalimu mkuu, aliyetetemesha shule nzima kwa kukohoa tu, akawa hana pa kuweka macho. "Nadhani umenifananisha," alisema. "Mimi vidonge vyangu ni vya presha."

"Mwalimu, mjukuu wangu anakufa! Vinafungua mapafu, daktari kasema! Nipe hata kimoja, utanifukuza kazi kesho!"

Mwalimu akazidi kukanusha. Mkewe akaweka ungo chini, akaingia ndani bila neno, akarudi na pakiti nzima.

"Viko chini ya soksi," alisema. "Ameacha kuviweka mfukoni. Kimbia, mama."

Daktari aliikagua pakiti mbele na nyuma, akasoma tarehe, akampa muuguzi. Dobi akabandika paji la uso kwenye kioo cha mlango. Aliwaona wanasaga, wanapima, wanasukuma kwa bomba la sindano lisilo na sindano. Muuguzi alikuwa amemwonyesha namba ya kuangalia kwenye mashine, ya hewa iliyomo damuni. Ilikuwa inachechemea huko chini, inapanda kidogo, inateleza. Jioni ikaingia. Namba ikapanda, na safari hii ikakaa. Kile kimdomo kikaanza kurudiwa na rangi ya watu.

"Ameitikia," daktari alisema alipotoka, akajiegemeza ukutani. "Hajavuka bado, nisikudanganye. Mapafu na ubongo vimekaa muda mrefu bila hewa ya kutosha. Laiti vingepatikana jana."

"Jana?"

"Si nilimwandikia baba yake jana asubuhi? Alizunguka mji mzima akavikosa, maskini."

Avikose wapi? Vitu vilivyomo kwenye mifuko ya nusu ya wateja wake!

Fundi alirudi na pakiti mkononi, shati limemkaukia mwilini. Dobi akamsogelea, na kwa mara ya kwanza tangu amwozeshe binti yake akamtazama machoni.

"Vile nilivitupa mimi. Nilikudhania mabaya, mwanangu, nisamehe. Mtoto amepata vingine." "Sasa niambie na wewe. Jana ulikwenda duka gani?"

Fundi alikaa chini, sakafuni palepale.

"Nilifika dukani, mama. Foleni ilikuwa ndefu. Mbele yangu yupo jirani, nyuma yangu yupo mteja wangu, na muuzaji ni msichana niliyesoma na dada yake. Nikaona watasema mke yuko hospitali, yeye ananunua nini. Ulimi ukanikatika. Nikaenda duka la pili, yaleyale. Nikamwambia daktari havipo." Akajifunika uso. "Leo nikajikaza."

Dobi alitaka kumzaba kibao. Mkono ulifika nusu ya njia, akakumbuka sauti ya maji chooni, akaushusha.

Hapo ndipo waliposikia mtu anahema nyuma yao. Binti yake alikuwa ameamka kitandani kwa mara ya kwanza tangu apasuliwe, amekuja kumwona mwanawe, mkono mmoja ukutani, mwingine umeshika mshono. Haikujulikana amesimama hapo tangu saa ngapi. Alimtazama mumewe, akamtazama mama yake.

"Kwa hiyo mwanangu amekosa pumzi siku nzima," alisema taratibu, "kwa sababu nyinyi mlikuwa mnaona haya?"

Mama yake alinyoosha mkono ili amshike, asianguke. Binti akaukwepa, akaendelea kuufuata ukuta peke yake mpaka mlangoni.