Mkono wa Kisanduku cha Sita

Kila Jumamosi saa tisa alasiri mashine za kiwanda cha mbao cha Elburgon zilizimwa, madirisha ya stoo yakazibwa kwa magunia, na shuka jeupe likatundikwa ukutani. Wafanyakazi na wake zao waliitwa kutazama sinema. Ulikuwa mwaka wa pili wa hali ya hatari, serikali ikiwasaka waasi, na asiyekuja aliulizwa kwa nini.

Sinema yenyewe ilitokana na michoro ya Kang'ethe, mnoa misumeno wa hapo. Alikuwa amechorea gazeti la serikali hadithi ya katuni yenye visanduku, na watu wa sinema wakaipiga picha, kisanduku kwa kisanduku, mpaka michoro ikatembea. Katika kisanduku cha sita, mtoa habari aliyefunikwa gunia kichwani asitambulike alimnyooshea mhalifu kidole. Kang'ethe hakuwa na mkono wa kuiga ila wake wa kushoto, ambao msumeno uliukata kidole cha mwisho. Akauchora hivyo hivyo.

Kila Jumamosi mtu wa gunia alifika kisanduku cha sita, akayatazama mabenchi ya watazamaji taratibu kutoka kwenye shuka, kisha akamnyooshea mmoja kidole. Askari walimpeleka huyo kwenye lori. Wiki ya kwanza alikuwa Hiram, ya pili Naftaly. Hakuna aliyeshangaa, watu waligombania tu kukaa nyuma ya nguzo. Majirani waliacha kumpa Kang'ethe mkono.

Alimwendea afisa wa serikali aliyesimamia sinema, kofia kifuani.

"Bwana, ile mkono ni yangu. Hao watu hawana makosa."

Afisa alijibu kwamba filamu imeshatengenezwa, na kwamba mkono ulichorwa vizuri sana.

Jumamosi ya tatu, mke wa Kang'ethe, Wangeci, aliketi ubavuni pake, akaushika ule mkono wa kushoto kwa mikono yake yote miwili.

"Usiachilie," Kang'ethe alimwambia.

"Siachilii."

Kisanduku cha sita kilipofika, mkono ulianza kuinuka. Wangeci aliung'ang'ania kwa nguvu zake zote. Ukainuka naye, na wa kwenye shuka ukainuka vilevile. Kisha yote miwili ikageuka, ikamnyooshea Wangeci kidole, maana ndiye aliyekuwa karibu zaidi.

Askari waliutazama ule wa kwenye shuka tu, wakampeleka Wangeci kwenye lori.

Jumatatu afisa alileta nyumbani kwa Kang'ethe karatasi mpya na wino, akataka sehemu ya pili. Kang'ethe alichora kwa mkono wa kulia. Wa kushoto ulilala mezani, kidole kimekielekea kigoda kitupu cha Wangeci.