Wimbo Uliokosa Jina

Kompyuta ilikuwa ikiniuliza kila mara: wimbo huu niuhifadhi kwa jina gani? Nami nikaujibu ule mdude kimoyomoyo, ngoja uishe kwanza, nani anakipa jina kitu kisichoisha? Basi siuhifadhi, wala kompyuta siizimi. Naongeza ngoma hapa, kinanda pale, kifua mbele kama prodyuza wa kweli.

Wimbo wenyewe ulikuwa wa dada yangu. Jumamosi anaolewa, na alishamtangazia kila mtu kwamba ataingia ukumbini kwa wimbo wa mdogo wake.

Siku mbili kabla, Shangazi akaingia chumbani kwangu na pasi mkononi. Yeye ni fundi cherehani, anashonea sebuleni, ukuta mmoja na mimi, na gauni la bibi harusi lilikuwa kazi yake. Soketi ya sebuleni ilikuwa imeharibika. Akaitazama yangu, akachomoa waya wa kompyuta, akachomeka pasi. Kioo kikawa cheusi.

"Shangazi! Umeua wimbo!"

"Wimbo gani unakufa kwa pasi? Nanyoosha upindo tu."

Nililia. Mtu mzima na akili zangu, nimekaa sakafuni nimekumbatia kibodi. Dada alikuja mbio, akasikia habari. Bora angenitukana.

"Basi," akasema, akitazama pembeni, "DJ ataweka wowote."

Shangazi akachomoa pasi. Akarudi kwenye cherehani yake, akaanza kukanyaga kwa hasira za mtu anayejua amekosa. Tararara, tara. Tararara, tara. Kilio kikanikauka. Ilikuwa ngoma yangu, mwendo uleule, hata pale inaposita kidogo kabla ya kurudi.

"Shangazi, hiyo umeitoa wapi?"

"Tangu mwezi uliopita unanipigia ukutani, unadhani mguu wangu kiziwi? Gauni zima nimelishona hivyo."

Nikaburuta maikrofoni mpaka chini ya cherehani. Shangazi akashona kitambaa chakavu, na kinanda akakiimba kwa mdomo, akinikemea kila nikikosea kukipiga: "Siyo hivyo, hapo kinapanda!" Dada alicheka mpaka akashikilia mlango. Kicheko chake kikaingia humohumo, tukakiacha. Safari hii kompyuta ilipouliza jina, nililiandika kabla Shangazi hajaikumbuka pasi yake.

Jumamosi, ukumbi umejaa, DJ akasoma kwenye kioo chake: "Bibi harusi anaingia na wimbo uitwao... Shangazi Kachomoa!"

Watu wakaangua kicheko. Shangazi akasimama pale mbele, kilemba kimekaa upande.

"Nimechomoa, ndiyo!" akapaza sauti. "Na hiyo cherehani mnayoisikia napiga mimi!"

Mlango ukafunguliwa. Dada akaingia akicheka na kulia, gauni likiyumba sawasawa na ngoma. Nikamtazama Shangazi, ameshaketi. Machozi yalikuwa yakimtiririka, na chini ya kiti mguu wake ulikuwa bado unakanyaga.