Mdomo wa Njia

Asmaa aligeuka ghafla, akamfumania Kasian akilaza tawi bichi katikati ya njia waliyotoka kuipita.

"Unafunga nini, baba?"

"Mdomo wa njia," mzee akajibu, akijipangusa mikono. "Ukiachwa wazi unasema ovyo."

Asmaa akacheka kwa meno tu. Alikuwa ametoka Mbeya mjini kuzichora njia za miguu za milima ya Poroto, wapandao milima wazijue na kijiji kipate sababu ya kuzilinda. Kila walikopita, simu yake ilirekodi. Na kila aliporudi, alikuta udongo umefukuliwa, maua ya okidi yametupwa, viazi vyake, chikanda, vimekwenda kuuzwa kwa walaji ng'ambo ya mpaka wa Tunduma. Kijiji kilishatoa neno: asipopatikana mwizi, mlima unafungwa kwa wageni, na kazi ya Asmaa imekufa.

Nani aliyejua maua yalipo? Kasian, anayemwongoza. Na Idrisa wa Iringa, anayepokea rekodi zake na kuzigeuza ramani. Yeye na Idrisa walikuwa chanda na pete tangu chuoni. Kasian hulaza matawi kama mtu anayewaachia wenzake alama. Moyo wa Asmaa ulikuwa umeshahukumu.

Hata hivyo akatega. Alizima simu, akapita na Kasian bonde la nyuma ya mianzi, okidi zimejaa. Kisha akamtumia Idrisa rekodi ya kilima kikavu alichokipanda peke yake, pasipo hata ua moja, na maneno: "Bustani nzima, ndugu yangu. Usimwambie mtu."

Walipopanda tena, bonde lilikuwa limechanua, halikuguswa. Kilimani mashimo yalitapakaa kana kwamba fuko amelewa. Mpini wa jembe uliovunjika ulikuwa umetupwa kwa hasira.

Asmaa akakaa chini.

"Ulidhani ni mimi," Kasian akasema. Hakuwa anauliza.

"Matawi yako, baba..."

"Nilikuwa nakufungia wewe! Kwetu tawi likilala njiani, mgeni harudi huko. Wewe ukaliruka kila mara, na majembe nyuma yako kama kuku nyuma ya anayemwaga mtama."

Asmaa akatoa simu. Alifuta rekodi zote zilizobaki, mzee akichungulia begani kwake. Waliposhuka hadi penye njia ya bondeni, akavunja tawi mwenyewe.

"Majani yaelekee wapi?"

"Kwa anayekuja."

Akalilaza. Kasian akalitazama, akalisogeza kidogo kwa mguu.

"Kesho kwenye mkutano wa kijiji utamtaja huyo wa ramani?"

"Ni rafiki yangu, baba." Akajipangusa mikono. "Nitamtaja."

"Haya, tangulia."

"Leo huniongozi?"

"Leo nakutazama. Na hicho kisimu kishike juu, nikione."

Asmaa akakiinua, akatangulia.