Gari Lililonguruma Uani

Neno waranti liliingia nyumbani kwa Amedeus kabla ya gari lenyewe. Alirudi nalo kutoka Mbeya, akalitamka mlangoni hata viatu hajavua, na haikuchukua muda mtaa mzima wa Shanwe, hapo Mpanda mjini, ukalijua. Watu wengine hununua gari. Amedeus alinunua waranti, gari likaja kama nyongeza. Miaka yote alikuwa dereva wa magari ya watu, magari yaliyokwisha kuchoka huko yalikotoka, akilala chini ya injini kwenye tope la masika huku akiapa kwamba la kwake litakuwa jipya. Na kweli likawa jipya: pikapu nyeupe ya dizeli, viti bado vimevaa nailoni.

"Hii injini ikifa, anayelia siyo mimi," alimwambia mkewe Lucia, akigonga boneti kwa kiganja. "Anayelia ni kiwanda. Miaka mitatu!"

Lucia alicheka. Alimpenda mumewe hasa anapojivuna, maana Amedeus alijivuna kama mtoto, bila kumkwaza mtu yeyote. Kitabu cha waranti alikifunga kwenye mfuko wa plastiki na kukiweka juu ya kabati. Kurasa za mwanzo alizisoma kwa sauti, zile zenye picha na hongera. Zilizobaki alisema atazisoma siku injini ikisumbua.

Injini haikusumbua. Aliyekufa ni Amedeus. Ilianza homa, homa ikaleta kifua, na kabla wiki haijaisha wakamrudisha kwao Usevya kwenye jeneza, nyuma ya pikapu yake mwenyewe. Gari lilikuwa bado linanukia upya wa dukani. Lucia aliisikia harufu ile njia nzima, na hadi leo haipendi.

Baada ya mazishi ukoo ulikaa. Optatus, kaka mkubwa wa marehemu, mtu wa maneno machache na moyo mweupe, alisema yale ambayo kila mmoja aliyategemea: vitu vya marehemu havitoki nje mpaka misa ya mwaka, ndipo vigawiwe. Shati, jembe, redio, vyote vingoje. Ndivyo walivyofanya baba zao na babu zao, na ni jambo la heshima, mimi silicheki. Ila katika vizazi vyote hivyo hakuna aliyewahi kuacha kitu chenye injini, kwa hiyo hakuna aliyejua kuuliza injini nayo inangojaje. Pikapu ikaegeshwa uani Shanwe, chini ya turubai. Optatus alisema atakuwa anapita kuiwasha mara mojamoja ili betri isife.

Chumba kilichotazama ua kilikuwa cha Mama Matilda, mama yao Amedeus na Optatus. Kumbukumbu zilikuwa zimeanza kumtoka zamani kidogo. Alipelekwa Usevya, akatupa udongo kaburini kwa mkono wake, akalia mpaka sauti ikakauka. Waliporudi Mpanda, asubuhi ya kwanza, akamuuliza mkwewe, "Amedeus ameshaondoka kazini?"

Lucia alimwambia ukweli. Bibi kizee akashika kichwa kwa mikono miwili, akapiga ukelele wa mtu anayepata habari kwa mara ya kwanza, kwa sababu kwake ilikuwa mara ya kwanza. Kesho yake akauliza tena. Kesho kutwa tena. Wajane wengine humzika mume mara moja. Lucia alikuwa anamzika kila asubuhi kabla ya uji, na alihisi kwamba akiendelea hivyo atarukwa na akili.

Halafu ikaja siku Optatus alipopita kuwasha gari. Injini ikanguruma, dirisha la mama likatetemeka kidogo, na sauti ya Mama Matilda ikatoka humo ndani, tulivu kabisa.

"Nenda salama, baba."

Siku hiyo alikunywa uji wote, akaomba aongezwe.

Tangu hapo Lucia akawa anawasha mwenyewe. Kila kulipokucha alitoa turubai, akapanda, akafunga vioo, akazungusha ufunguo. Dizeli alikuwa anaagiza kwa dumu, bodaboda wanaleta. Majirani walipolalamika moshi, aliwaambia ni kwa ajili ya mama. Jeniffer, binti yake aliyekuwa shule ya bweni, aliambiwa hivyohivyo kwenye simu. Watu wakamwonea huruma, wakamsifu kwamba mkwe wa namna ile hapatikani siku hizi. Hakuna aliyejiuliza kwa nini gari linalompeleka mtu kazini lingurume mpaka jua lipande juu ya mapaa.

Misa ya mwaka ikafika. Mbele ya ukoo mzima Optatus alimkabidhi Lucia ufunguo. Lucia, ambaye alishaona mashemeji wa wenzake wanavyofanya, alipiga magoti na kuupokea kwa mikono miwili. Wakapanga kwamba pikapu itabeba mpunga kutoka mashamba ya Mwamkulu kuleta mashineni mjini, na nyumba itasimama. Safari ya kwanza Optatus mwenyewe alishika usukani, Lucia kando yake, magunia nyuma.

Walikuwa wanarudi, mji unaanza kuonekana, taa nyekundu ya oil ilipowaka. Kikafuata kishindo ndani ya boneti, kama mtu aliyefungiwa anagonga mlango. Optatus alikanyaga breki, lakini injini ilizimika kabla yake. Walirudi nyumbani wakivutwa na trekta la jirani wa shamba, na watoto wa mtaa wakiwasindikiza kama harusi.

"Usihofu, shemeji," Optatus alisema. "Kilometa zenyewe hata service ya kwanza hazijafika. Waranti yake bado mbichi kabisa. Tusiguse kitu, wenyewe waje."

Lucia alikwenda kwenye kabati, akashusha kile kitabu, akakipangusa vumbi kwa kanga. Mpunga ulikuwa akilini mwake, lakini siyo uliomtia hofu. Kilichomtia hofu ni kesho asubuhi. Bila injini ile, nani atamwondoa Amedeus nyumbani? Ingebidi amwambie mama tena kwamba mwanawe amekufa, na safari hii asingekuwa na pa kukimbilia.

Siku walizongojea fundi zilikuwa ngumu. Mama Matilda aliamka, akakaa kitandani ameelekeza sikio dirishani, uji ukapoa mikononi mwake.

"Gari liko gereji, mama," Lucia alimwambia.

"Haya," mama alijibu, lakini sikio halikutoka dirishani.

Fundi wa wakala wa kiwanda alifika na gari lake la kazi, kijana mpole wa kuitwa Martin, ovaroli safi, salamu ndefu. Alichomeka mashine yake ya kupimia chini ya usukani, akasoma, akakunja uso, akasoma tena. Akaingia chini ya gari, akatega beseni, akafungua nati. Oil iliyotoka haikumiminika. Ilidondoka mabonge mabonge, nyeusi, nzito kama uji wa ulezi uliolala. Martin aliisugua kati ya vidole, kisha akavua kofia.

"Mama, naomba nikueleze polepole," alisema. "Waranti ni ahadi ya kiwanda juu ya makosa ya kiwanda. Chuma kikitoka na ufa, pampu ya oil ikiwa imefungwa vibaya, sili ikivuja yenyewe, hapo hatubishani, unafungiwa injini nyingine bure. Lakini injini iliyokosa oil mpya, hiyo kiwanda hakihusiki nayo."

"Nani ameinyima oil?" Optatus alidakia. "Gari haijatembea! Nyie wenyewe mmeandika kilometa elfu kumi. Angalia hapo, hata nusu bado."

"Elfu kumi au miezi sita, baba. Kinachotangulia. Hapa imetangulia miezi."

"Ilikuwa kwenye msiba! Gari ya marehemu utaipeleka service na nani?"

Martin alifungua kitabu, akakifunga. "Poleni sana. Kweli poleni. Ila humu hamna ukurasa wa msiba."

Optatus alikaa chini kwenye kizingiti. Ni yeye aliyesema lisitoke nje, na Lucia aliona wazi jinsi neno hilo lilivyomrudia na kumkalia begani. Akataka kumwambia kitu cha kumfariji, lakini Martin alikuwa hajamaliza.

"Hilo la miezi ningejaribu kuwaombea. Gari likilala tu, oil haiharibiki hivi. Shida ni kwamba halikulala. Mashine inaonyesha limewaka masaa mengi kuliko gari la kwenda Tabora na kurudi kila wiki, na halikutoka hapa. Dizeli ikinguruma imesimama haipati moto wa kutosha. Masizi na dizeli isiyoungua vinashuka kwenye oil, oil inakuwa tope, tope linaziba njia, vyuma vinasagana vikavu." Akamtazama Lucia bila ukali. "Mlikuwa mnaendeshea nini? Pampu ya maji? Mashine ya kukoboa?"

Optatus alinyanyua uso. "Si dakika tano tu, shemeji? Mama akishasikia, si unazima?"

Lucia aligeukia beseni.

Mwanzoni zilikuwa dakika tano kweli. Mama alisema nenda salama, Lucia akashika ufunguo kuzima, mkono ukakataa. Katika nyumba ile hapakuwa na mahali pa kulia. Kuta zilikuwa nyembamba, mama alisikia kila kitu, na mtu hawezi kumlilia mume aliyekwenda kazini. Lakini ndani ya gari, vioo vimefungwa, injini inanguruma, aliweza. Alilia kwa sauti yote aliyokuwa nayo. Alipiga usukani ngumi. Alimwita Amedeus kwa jina, alimgombeza kwa kufa mapema, alimsimulia habari za Jeniffer. Injini ilimfunika. Akishamaliza alijifuta kwa kanga, akazima, akaenda kukoroga uji na uso mkavu. Hivyo ndivyo mwaka ulivyopita, na kama isingekuwa injini ile, sijui angeupitaje. Sasa aliitazama oil chini, machozi yake yote ya mwaka mzima yamegeuka tope jeusi kwenye beseni.

"Mama alikuwa anapenda kusikia," alisema mwishowe.

Martin alimwangalia kidogo, kisha akainamisha macho. Aliandika alichotakiwa kuandika, kwamba kiwanda hakitalipa, akampa asaini. Alifunga vyombo vyake, akamshika Optatus bega, akaondoka, na alipowasha gari lake Lucia aliona pazia la dirisha la mama likisogea, kisha likarudi.

"Ni mimi, shemeji," Optatus alisema bado yuko kizingitini. "Ningesema litoke, lingepelekwa service."

"Siyo wewe," Lucia alimwambia. Optatus alidhani anamfariji tu, akatikisa kichwa, akaenda zake ameinama.

Kesho yake asubuhi ua ulikuwa kimya. Lucia alikoroga uji, akaupoza, akasimama na bakuli nje ya mlango wa Mama Matilda akijipanga. Leo hakuna gereji tena ya kusingizia. Alimwomba Mungu ampe namna ya kulisema jambo lile bila kumuua yule bibi, akasukuma mlango.

Mama alikuwa amekaa pale pale, sikio dirishani.

"Mama," Lucia alianza. "Kuhusu Amedeus..."

"Leo tena hujaenda kulia?" mama aliuliza.

Lucia alidhani hakusikia vizuri. "Kulia wapi, mama?"

"Kwenye gari." Alisema kama anayeuliza kama maji yamechotwa. "Ulikuwa unalia kila siku, nakusikia. Siku hizi kimya. Nikasema labda unaumwa."

Lucia aliliweka bakuli sakafuni. Mama Matilda alijivuta pembeni taratibu, akapapasa godoro kwa mkono wake uliokunjana.

"Kama gari limeharibika, njoo ulilie hapa."

Lucia alikaa. Alijaribu kulia kimya kama alivyozoea ndani ya nyumba, akashindwa. Sauti ilitoka kubwa, bila injini, bila vioo, ikatoka mpaka uani na mpaka kwa majirani. Mama alimshika mgongo, akawa anampigapiga kama anayembembeleza mtoto mchanga. Wakakaa hivyo muda mrefu.

"Nani amekufa, mwanangu?" mama aliuliza baadaye.

Lucia alifuta uso. "Mume wangu, mama."

"Pole. Pole sana, mwanangu." Aliendelea kumpigapiga mgongo. "Na mama yake, yupo?"

"Yupo."

"Masikini," alisema Mama Matilda, na naye akaanza kulia.